Siagi ya nankhatai: hii ya bei nafuu ni siagi kweli?

Dada wa Kibokoni: Assalaam aleikum. Mie huoka nankhatai, vile vibiskuti vya siagi, za kuuza. Siagi imepanda, muuza duka kanipa kopo la bei nafuu, ati ni ile ile. Trei nzima zimetandaa zikashikana. Kwani hii ni nini?

Muuza Maziwa, Kongowea: Waaleikum salaam, dada. Soma ubavuni. Kwa kiwango cha Codex, yaani viwango vya kimataifa vya vyakula, siagi haipungui asilimia 80 ya mafuta ya maziwa, na maji hayazidi 16. Chini ya hapo ni ya kupaka mkate tu. Ikiandikwa mawese, hiyo majarini. Kuzipanga rafu moja na siagi ni kumdhulumu mnunuzi, wallahi!

Na bei: kilo moja ya siagi hula kama lita 20 za maziwa. Kiangazi kikishika bara, malai yatoke wapi?

Dada wa Kibokoni: Shukran. Nimesoma kopo: mafuta asilimia 60. Samli je?

Bi Mkubwa wa Majengo: Samli yafaa, mwanangu, lakini haina maji. Punguza kipimo, uiache igande kidogo kabla ya kukanda.