Mji mkongwe wa Lisbon: tumetembezwa, tumefichwa, kisha tukadaiwa bakshishi

Wakuu, salaam. Nina hasira na siifichi. Uzi ni mrefu, asiye na muda apite, ila mtu yeyote wa Pwani anayepanga kwenda Ureno naomba asome mpaka mwisho.

Mimi ni mtoto wa Kilwa, kwa sasa niko Ujerumani kikazi. Mwezi uliopita nilikwenda Lisbon na mke wangu, na kitu tulichokitamani kuliko vyote ni kuuona ule mji wa kale tukiwa na mtu anayeujua. Tukajiandikisha kwenye mojawapo ya zile ziara za miguu zinazotangazwa mtandaoni kuwa ni bure. Tangazo liliahidi historia yote ya mji, tangu enzi za Wamoor, yaani Waislamu waliotoka Afrika Kaskazini, mpaka leo.

Nianze na la pesa, kwa sababu ndilo dogo. Ziara hizi si za bure. Mara nyingi anayewatembeza hana mshahara, anategemea bakshishi, na zipo kampuni zinazomdai yeye kiasi fulani kwa kila kichwa kilichojiandikisha. Ndiyo maana wanajaza watu. Kundi letu lilikuwa kubwa mno, waliokuwa nyuma hawakusikia chochote, na kila tukifika kona tunakuta mwavuli wa njano wa kijana aliyekuwa akituongoza umeshapanda ngazi nyingine. Katikati ya safari tukaingizwa duka la dagaa wa kopo, tukakaa humo muda mrefu kuliko tuliokaa kanisa kuu. Mwishoni akatupanga ukutani, akatangaza kwamba kawaida kila mtu hutoa euro 15, na anayetoa chini ya 10 anamnyang'anya mkate wake. Kulikuwa na wazee wawili, mume na mke, waliompa sarafu. Akawarudishia mkononi mbele ya watu wote. Njaa ya kijana yule naielewa, na anayestahili lawama zaidi ni mwenye kampuni anayevuna bila kumlipa. Lakini kumuaibisha mzee hadharani kwa ajili ya sarafu ni utovu wa adabu, na nimewaandikia hivyo hivyo.

Sasa nije kwenye lililoniuma.

Tulianzia uwanja wa Rossio katikati ya mji, tukaingia uwanja wa Largo de São Domingos. Pale kuna jiwe la kumbukumbu lenye nyota ya Daudi, liliwekwa mwaka 2008 kwa ajili ya Wayahudi waliobatizwa kwa lazima na kisha kuuawa na watu wa mji mwezi Aprili 1506. Alilisimulia vizuri, kwa heshima, na watu walinyamaza wakamsikiliza. Pembeni yetu, hatua chache tu, walikuwa wamesimama Waafrika wengi, wengine wakiuza kokwa za kola na viungo, wengine wakipiga soga. Ukipita pale siku yoyote utawakuta, wengi asili yao Guinea-Bissau. Kanisa lile lile la São Domingos ndiko Waafrika wa Lisbon, watumwa na walioachiwa huru, walikokuwa na chama chao cha kidini cha Mama wa Rozari tangu karne ya 16. Hiyo ni historia ya mji, iko mbele ya macho, inapumua na kuongea. Mwongozaji wetu alisema nini juu yao? Alisema: "Shikeni mikoba yenu vizuri hapa."

Hakusema kingine. Mimi na mke wangu ndio tulikuwa weusi pekee kundini, na kila mtu akavuta mkoba wake kifuani huku tukiangaliana.

Tukaenda mbele. Pale mtaa wa Rua Augusta unapoishia kuna tao kubwa lenye sanamu, na mmoja wa waliochongwa juu yake ni Vasco da Gama. Hapo ndipo hotuba ilipopanda: mtu shujaa, akaigundua Afrika Mashariki, akaigundua njia ya India, akaiunganisha dunia. Wakuu, mwaka 1498 Da Gama alifika Mombasa, mambo yakamharibikia, akaenda Malindi, na Malindi ndiko alikopewa rubani aliyeijua Bahari ya Hindi na pepo zake. Kwa rubani huyo akavuka mpaka Calicut, India, kwa siku zisizofika 30. Njia ile ilikuwa ikipitiwa na majahazi kwa karne nyingi. Ibn Battuta alifika Kilwa mwaka 1331 akaandika jinsi mji ulivyokuwa mzuri. Mtu aliyeonyeshwa njia na wenyeji, kwenye bandari zilizokuwa zikifanya biashara na Uarabuni, India na China, anaitwaje mgunduzi mbele ya mtoto wa Kilwa?

Niliinua mkono. Nikamuuliza kwa upole kabisa: na rubani wa Malindi? Na Kilwa, hutatuambia kilichotokea? Akatabasamu, akanijibu kwamba hiyo ni siasa, na yeye kazi yake ni historia. Watu wakacheka. Mke wangu akanivuta mkono, "Baba Asha, muache." Nikanyamaza kwa heshima yake, lakini hapa sinyamazi.

Hiki nilichokiita historia nakiandika, muamue wenyewe kama ni siasa. Mwaka 1502 Da Gama alirudi na manowari, akasimama mbele ya Kisiwa cha Kilwa, akamlazimisha Amir Ibrahim, mtawala wa Kilwa, kulipa kodi ya dhahabu kila mwaka kwa mfalme wa Ureno, la sivyo mji upigwe mizinga. Mwezi Julai 1505 akaja Mreno mwingine, Francisco de Almeida, na kundi la merikebu. Amir akakimbia, mji ukaporwa, ikajengwa ngome na akawekwa mtawala wanayemtaka wao. Wiki chache baadaye ikawa zamu ya Mombasa, ikaporwa na kuchomwa moto. Haya yameandikwa na Wareno wenyewe waliokuwepo.

Kumbe huyu kijana si kwamba hajui kusimulia. Tulipofika uwanja mkubwa wa Praça do Comércio ulioko ukingoni mwa mto Tejo, alilieleza tetemeko la tarehe 1 Novemba 1755 mpaka ngozi ikanisisimka. Ilikuwa Sikukuu ya Watakatifu Wote, watu wamejaa makanisani, mishumaa imewashwa kila madhabahu. Ardhi ikatikisika, mishumaa ikawasha moto, waliokimbilia mtoni wakakutana na mawimbi ya bahari. Akaeleza jinsi Pombal, waziri wa mfalme, alivyoujenga upya mji wa chini kwa mitaa iliyonyooka na nyumba zenye fremu za mbao ndani ya kuta ili zistahimili mtikisiko. Vizuri sana, nampa haki yake. Lakini tulikuwa tumesimama karibu kabisa na palipokuwa jumba la mfalme na Casa da Índia, ile ofisi iliyohesabu pilipili, dhahabu na pembe kutoka kwetu na kutoka India, iliyoteketea siku hiyo hiyo ya tetemeko. Hakuitaja. Mji huu ulikuwa pia na Casa dos Escravos, ofisi ya serikali ya kusimamia biashara ya watumwa, tangu 1486. Hakuitaja. Katikati ya karne ya 16 karibu mtu mmoja katika kila kumi wa Lisbon alikuwa mtumwa. Unawezaje kuelezea nyumba, mitaa, visima na jikoni za mji bila kumtaja mtu mmoja katika kila kumi? Nani alikuwa akichota maji kwenye chemchemi za Alfama, ule mtaa wa kale? Nani alikuwa akibeba uchafu kuupeleka mtoni?

Kutoka hapo ni mwendo mfupi mpaka Casa dos Bicos, nyumba yenye mawe yaliyochongoka ukuta mzima. Watu wakapiga picha. Tukaambiwa aliyeijenga mwaka 1523 alipenda sana majumba ya Italia. Ni kweli. Ila aliyeijenga ni Brás de Albuquerque, mtoto wa Afonso de Albuquerque, na mwaka 1507 huyo baba mtu alikuwa kwenye msafara ulioiteketeza Barawa, pwani ya Somalia, na mwaka huo huo akaichoma Muscat. Ndugu zetu wa Barawa na wa Oman wanaosoma hapa wanajua ninachosema. Mbele ya nyumba ile tulipewa dakika za picha na historia ya mapambo.

Msiniambie Wareno hawataki kusikia, kwa hiyo kijana anawapa wateja wanachokitaka. Mwaka 2017 wakazi wa Lisbon wenyewe, kupitia bajeti shirikishi ya jiji, walipigia kura wazo la kujenga kumbukumbu ya watu waliotumikishwa. Ikachaguliwa kazi ya msanii wa Angola, Kiluanji Kia Henda, safu za miwa myeusi ya alumini. Wareno wengi wanalijadili jambo hili kwa uwazi, magazetini na vyuoni. Anayeona aibu ni mfanyabiashara wa ziara.

Kanisa kuu, na Santa Luzia na Portas do Sol unakoutazama mji kutoka juu, hayo yote ni mazuri na sina la kulalamikia zaidi ya haraka. Kanisa kuu lilijengwa baada ya Waislamu kuupoteza mji mwaka 1147, mahali palipokuwa na msikiti, na hilo alilisema, ingawa kwa sentensi moja tu akiwa anatembea.

Wakuu, mlinganishe na kwetu. Unguja hakuna mgeni anayezungushwa Mji Mkongwe akakosa kupelekwa Mkunazini, palipokuwa soko la watumwa mpaka 1873. Vijana wetu wanaoongoza watalii hawaruki. Wanawataja Waarabu, wanawataja Waswahili wenzetu waliofanya biashara ile, wanataja misafara kutoka bara, na Kilwa Kivinje inatajwa kwa ubaya wake wote. Mimi mwenyewe ni wa huko na sijawahi kudai ifichwe. Mgeni wa Ulaya anatoka pale Mkunazini macho mekundu, anatikisa kichwa, anatuhurumia. Kisha anarudi kwao na kutembezwa mji uliokuwa na soko kama lile, anaonyeshwa vigae vya buluu na kuonjeshwa ginjinha, pombe yao ya cheri. Hilo ndilo linanikera mpaka usingizi unakata. Ukweli wa aina moja unadaiwa kwetu tu.

Kesho yake tuliamua kujitembeza wenyewe. Kwanza tukaenda mtaa unaoitwa Rua do Poço dos Negros, yaani mtaa wa shimo la watu weusi. Ni mtaa wa mikahawa na nyumba za kupanga kwa wageni. Mwaka 1515 Mfalme Manuel I aliamuru lichimbwe shimo la kutupia maiti za watumwa, kwa sababu zilikuwa zikiachwa ovyo na kuoza. Jina la mtaa limebaki kwenye vibao. Ni mwendo wa miguu tu kutoka tulikotembezwa jana yake.

Halafu tukaenda jumba la makumbusho la sanaa za kale, Museu Nacional de Arte Antiga. Humo kuna chombo cha kanisa cha kuwekea ekaristi, cha dhahabu na enameli, kimechongwa mitume kumi na wawili wamepiga magoti. Wanakiita Custódia de Belém, ni miongoni mwa vitu wanavyojivunia kuliko vyote nchini mwao. Kwenye kitako chake kuna maandishi yanayosema mfalme Manuel aliagiza kitengenezwe kwa dhahabu ya kodi ya Quíloa, kikakamilika mwaka 1506. Quíloa ni Kilwa. Ni ile dhahabu ya Amir Ibrahim, iliyochimbwa bara kusini, ikapita Sofala, ikafika kwetu, ikachukuliwa kwa mtutu wa mzinga. Mke wangu alilia pale, na mimi nilisimama mbele ya kioo kile mpaka mlinzi akaja kuuliza kama tuna shida.

Kwa hiyo msiniambie Kilwa ni siasa isiyohusu mji wa Lisbon. Imeandikwa kwa herufi kwenye hazina yao kuu.

Kampuni nimeiandikia. Jibu lilikuja la mistari minne: wanashukuru kwa maoni, kila mwongozaji ana uhuru wa kuchagua simulizi yake, na wananipa punguzo kwa chakula cha usiku chenye muziki wa fado. Punguzo silitaki. Nimewataka mambo mawili: wamuombe radhi yule mzee na mkewe, na waondoe maneno "historia yote" kwenye tangazo lao mpaka watakapokuwa tayari kuisimulia. Wakijibu nitaweka hapa.

Mnaokwenda Lisbon, kabla hamjajiandikisha, mwandikieni mwongozaji swali moja tu: utatupitisha wapi kuhusu utumwa na Waafrika wa mji huu? Asiyekuwa na jibu muacheni. Wapo Waafrika wa Lisbon wanaoendesha ziara zao wenyewe kuhusu mambo haya, tena wanataja bei yao mapema na bila kificho. Tafuteni hao. Waliowahi kutembezwa Nantes, Bristol, Liverpool au Seville, wekeni hapa mlichoambiwa na mlichorukishwa, kwa majina ya mitaa, ili mwenzenu akifika ajue pa kusimama.

Na kama humu kuna mtu wa Wizara ya Maliasili na Utalii au wa Makumbusho ya Taifa, namuuliza moja kwa moja: ile dhahabu ya Kilwa iliyoko Lisbon, yenye jina letu juu yake, serikali yetu imewahi kuiulizia rasmi? Nasubiri jibu.