Mliowapa binti zenu jina Lupita, au mnaolibeba wenyewe: tupeane uzoefu

Mama Lupita, Kisumu

Habari zenu wapendwa. Nimechoka kusikia kwamba sisi wenye akina Lupita tulifuata mkumbo tu wa Oscar, ile tuzo ya sinema. Ni kweli wengi tulijifungua baada ya ile alfajiri ya Machi 2014, Kenya ilipoamka na habari kwamba mwigizaji wetu Lupita Nyong'o ameshinda. Mimi wakati huo nilikuwa na mimba. Lakini kilichonifanya nilishikilie jina hili ni jinsi yeye mwenyewe alivyolipata.

Alizaliwa Mexico City Machi 1983. Baba yake, Profesa Anyang' Nyong'o, ambaye baadaye tulimchagua kuwa gavana wetu hapa Kisumu, alikuwa uhamishoni huko, akifundisha. Nyumbani siasa zilikuwa zimechacha. Sasa, Wajaluo mtoto humwita kwa saa au hali aliyozaliwa nayo: Achieng jua la mchana, Atieno usiku, Akoth mvua ikinyesha, Ayoo mama akiwa njiani. Huyu alizaliwa ugenini, wakampa jina la ugenini. Wamexico humwita Lupita msichana aliyebatizwa Guadalupe, kwa heshima ya Bikira Maria wa Guadalupe ambaye ibada yake huko inatajwa tangu 1531. Kisha wakamwongezea Amondi, wa alfajiri. Kwa hiyo jina lenyewe lina Ujaluo ndani yake, ijapokuwa linasikika la kigeni.

Mama mkwe wangu hakutaka kulisikia. Mtoto alikuwa analia usiku kucha, naye akasema kuna mzee anadai jina lake. Akampakata karibu na taa, akawa anataja majina ya marehemu moja baada ya jingine, polepole, akimtazama usoni. Alipofika Adhiambo, jina la mama yake mzazi, mtoto akanyamaza. Tukakubaliana hapo hapo: Adhiambo ni lake. Ndipo mume wangu akamsimulia habari za Mexico na uhamisho. Mama akasikiliza hadi mwisho, akasema, "Kumbe huyo ni Ayoo wa ng'ambo." Tangu siku ile hajalipinga, na mimi ananiita Mama Lupita mbele za watu.

Haya, nanyi je? Mlilipata wapi, wazee walisemaje, na mtoto mwenyewe analionaje?

Wa Desemba, Nairobi

Dada, mimi nililitangulia Oscar kwa miaka mingi. Nimezaliwa Desemba 12, Sikukuu ya Jamhuri, na siku hiyo hiyo ndiyo sikukuu ya Mama Yetu wa Guadalupe. Mama alikuwa akisali parokia ya Guadalupe pale Adams Arcade, wanakojulikana wale wamisionari kutoka Mexico, kwa hiyo kwake hapakuwa na la kujadili. Baba ni mtu wa Nyeri na mimi ni binti wa kwanza, kwa desturi yao lazima nimrithi nyanya mzaa baba. Basi nikawa na Wangari la nyanya, Guadalupe la ubatizo, na Lupita la kuniitia chai.

Miaka ya shule nilipata taabu. Niliandikwa Rupita, Lubita, mwalimu mmoja aliamua tu kuniita Lucy. Baada ya 2014 kila mtu analijua, na kila mtu anadhani nimejipa mwenyewe ukubwani. Hilo linaniuma kidogo, maana mama yangu hakuwa anatazama sinema. Alikuwa na rozari yake na picha ndogo ya yule Bikira mwenye shela la nyota juu ya kabati la vyombo.

Baba Lutfiya, Mombasa

Salaam aleikum. Wangu alichinjiwa akika siku ya saba kwa jina Lutfiya, na ndilo lililo kwenye cheti. Lupita ni la nyumbani, alilianzisha mama yake. Mke wangu ni mweusi wa kung'aa na alikua akiambiwa maneno si mazuri, hata na jamaa zake. Mwaka ule wa 2014 alisikia hotuba ya Lupita akieleza alivyokuwa mtoto akimwomba Mungu amwamshe akiwa mweupe zaidi. Mke wangu alilia. Binti yetu alipotoka na rangi ya mama yake, akasema huyu nitamwita Lupita kila asubuhi ili alizoee kabla watu hawajamwambia lolote. Mamangu humwita Lutfiya kwa ukali akikosea, na Lupita akimtuma dukani.

Mtu wa Njombe

Huku Tanzania ni wachache, lakini kwetu jina limepokelewa kama la nyumbani kabisa. Majina ya sehemu zetu yanaanza hivyo hivyo: tuna Lupembe, tuna Luponde, tuna Ludewa. Babu yake binti yangu aliponiuliza "Lupita wa ukoo gani?" alikuwa anauliza kwa dhati, alidhani nimefufua jina la zamani. Nilimweleza ukweli, akasema hata hivyo linafaa.

Shuleni wenzake wanamtania, "Lupita, pita!" Naye anawajibu, "Napita, na nikirudi napita tena." Nampenda kwa hilo.

Mama Njeri, Houston

Huku jina hili si adimu hata kidogo. Kuna siku kliniki muuguzi alitoka na faili, akaita "Lupita!" kwa sauti ya Kihispania safi, huku macho yake yakizunguka akina mama wa Kimexico waliokuwa wamekaa upande wa dirishani. Niliposimama mimi na binti yangu, akasita. Mama mmoja mzee pembeni yetu akauliza kama kweli anaitwa Guadalupe. Nikamwambia ni Lupita tu, wa Kenya. Akamshika mtoto mashavu, akamwita *mija*, yaani binti yangu, na tangu hapo wakawa marafiki. Mwaka jana alitualika kwake Desemba 12, tukala tamale. Binti yangu sasa anajifunza Kihispania kwa hiari yake.

Jaduong' wa Siaya

Binti yangu Mama Lupita, nisikie na mimi. Kumpa mtoto jina la mtu maarufu aliye hai nina shaka nako. Hapa Siaya mwaka 2012 kuna mapacha walioitwa Barack na Mitt, kwa wagombea wawili wa urais wa Marekani, Obama na Romney, wakaandikwa hadi kwenye magazeti ya nje. Watoto hao watakua na majina ya uchaguzi wa watu wengine. Mtu maarufu anaweza kuharibikiwa kesho, na mtoto hana pa kulirudisha jina.

Mama Lupita, Kisumu

Jaduong', nakuelewa, na mume wangu alisema hayo hayo. Ndiyo sababu binti yangu nilimsimulia safari ya wale wazazi kwanza, mambo ya zulia jekundu akayasikia shuleni. Ukimuuliza atakwambia yeye ni wa jina la mtu aliyezaliwa mbali na kwao. Na Adhiambo lipo, halimwachi.

Wa Desemba, pole kwa hilo la Lucy. Mama yako angekuwa hapa ningempa kiti cha mbele.

Natarajia Novemba, Nakuru

Mmenigusa. Nalitaka hili jina ila upande wa mume wana la kwao, na mama mkwe ameshaanza kulitumia kwa tumbo langu.

Mama Lupita, Kisumu

Mdogo wangu, nenda kwa mama mkwe sasa, usingoje uchungu. Mwambie la kwao litaandikwa, kisha msimulie habari yote taratibu kama alivyosimuliwa wangu. Hospitali watakuuliza jina wakikuandikia ile karatasi ya taarifa ya kuzaliwa, na wakati huo umechoka, aliye karibu na kitanda ndiye atakayejibu. Hakikisheni mmeshakubaliana yote mawili, yameandikwa kwenye kijitabu cha kliniki kwa herufi kubwa.