Mjadala: “Tunatafuta sponsa” kwenye tangazo la umma, liachwe au liondolewe?

Mwenye hoja, Lamu

Matangazo yanayowahusu watu wote (mashindano, vikao vya mtaa, madrasa, maji, tanzia) yaandikwe kwa maneno yaliyozaliwa mitandaoni, au yabaki Kiswahili ambacho bibi na mjukuu wanakisoma kwa maana moja? Ili tusibishane hewani, huu hapa mfano wa kubuni kwa Waamu, yaani watu wa Lamu. Umetungwa makusudi ubebe yote:

“Waamu! Mashindano ya mashua ndiyo haya. Tunatafuta sponsa. Mwakilishi wadi hajajibu barua, namba yake iko chini, msalimieni. Atakayeblutiki asilalamike. Mtulaiki, mtutagi, mtuposti mpaka tutrendi. Wallahi mwaka huu ni noma!”

Anayetetea neno aseme linafanya kazi gani. Anayelipinga aseme linamkwaza nani na kwa nini. “Lugha inaharibika” peke yake haitoshi.

Mhariri, Malindi

Nianze na sponsa, kwa kuwa ndilo litakaloleta vicheko kabla tangazo halijamaliza dakika kumi. Kwa vijana wa Kenya siku hizi sponsa ni mwanamume mwenye pesa, mara nyingi ana mke wake, anayemlipia msichana kodi ya nyumba, nywele na simu. Mzazi akisoma “tunatafuta sponsa” anaona jezi na vikombe. Kijana anaona jambo jingine kabisa, na mwenye duka atakayejitokeza kusaidia atapewa jina ambalo hakuliomba. Mfadhili lipo, halijachakaa.

Lakini la hatari zaidi ni msalimieni, maana halina alama yoyote ya ugeni. Juni 2024, siku za Muswada wa Fedha, namba za wabunge zilisambazwa mitandaoni na watu wakahimizana “kuwasalimia”, yaani kuwamiminia simu na jumbe mfululizo. Tangu hapo, neno hilo likikaa karibu na namba ya mtu mwenye cheo haliwi salamu tena. Mzee mmoja atampigia mwakilishi wadi amuulize hali na watoto. Vijana mia mbili wataizima simu yake. Na aliyeiweka namba pale ana maswali ya kujibu: kwa Sheria ya Ulinzi wa Data ya 2019 namba ya simu ya mtu ni data yake, na ile ya uhalifu wa mtandaoni ya 2018 inagusa usumbufu wa namna hiyo.

Hapo ndipo ninaposimama. Neno la kigeni humshtua msomaji akauliza maana. Neno la nyumbani lililogeuzwa maana linampita kimya, naye anaamini ameelewa.

Mkomani

Mhariri, la sponsa nakupa, sina ubishi. Ila usilitumie kufungia zizi zima.

Pwani hii ilikuwa na kinyume kabla simu hazijafikiriwa: silabi ya mwisho inaletwa mbele, samaki anakuwa kisama, na mgeni aliyeketi barazani hapati kitu. Leso nazo? Jina la leso, yaani ule msemo ulioandikwa juu yake, halimtaji mtu, lakini jirani anajua limemlenga nani. Stetasi ya WhatsApp ni leso ya saa 24 tu. Watu waliozoea kufumba hivi hawatapotezwa na kutrendi.

Tena angalia fuliza. Katika kamusi ni kufanya jambo mfululizo bila kukatiza. Januari 2019 likawa jina la mkopo wa M-Pesa, na leo “nimefuliza” ni kwamba mtu ametumia pesa ambazo hakuwa nazo. Nani pale Langoni halielewi? Hakuna semina iliyofanywa. Neno likiwa na kazi linajifundisha lenyewe.

Maalim wa sekondari, Malindi

Tutafute kipimo, maana “nalipenda” na “silipendi” havitatufikisha.

Kitenzi cha Kibantu huishia kwa -a, na -a hiyo hugeuka: nasoma, sisomi, nisome. Vitenzi tulivyopata kwa Kiarabu havigeuki: narudi, sirudi, nirudi. Vya mitandaoni vimepita mlango huo huo wa Kiarabu: naposti, siposti, niposti. Kisha vikaanza kunyambuliwa kama wenzao. Rudiwa, rudia, rudisha. Postiwa, postia, postisha. Bloki imekwenda mbali zaidi, watu wanablokiana. Kitenzi kikifika hapo kimeshapata kitanda chake nyumbani, hata akina sisi tukinuna.

Kasoro huanza pale neno jipya linapokalia kiti chenye mwenyewe. Mawili katika tangazo letu yana kasoro hiyo.

La kwanza ni tagi. Kutaga ni kazi ya kuku. Kauli ya kutendea ya taga ni tagia, na ya tagi ni tagia vilevile. Basi “nimetagiwa” ni kwamba jina langu limebandikwa kwenye picha, au kuna kuku ametaga kwenye kiatu changu. Katika “mtutagi” bado hakuna mgongano, ila hatua moja tu mbele upo.

La pili ni laiki, na hili linaniuma kidogo. Neno hili tunalo tangu zamani kutoka Kiarabu, maana yake kufaa, kustahiki. Msomaji wa tungo za kale akikuta “yalaiki” anajua kwamba jambo linapendeza kufanywa. Kijana wa kidato cha pili anaona kidole gumba. Sidai vijana waache kulaiki. Nadai mwalimu anayefundisha ushairi alitaje mapema, la sivyo darasa zima litasoma beti kwa maana ya Facebook.

Kuhusu shule, hakuna haja ya ugomvi mkubwa. Karatasi ya pili ya Kiswahili katika KCSE, mtihani wa kumaliza sekondari Kenya, ina isimujamii (matumizi ya lugha katika jamii), alama 10 kati ya 80. Pale mazungumzo ya mitandaoni ni malighafi: mwanafunzi ayatambue, ataje sifa zake, aeleze nani humwambia nani. Maneno yale yale yakipenyezwa kwenye barua rasmi ya karatasi ya kwanza, ni kosa la mtindo.

Ustadhi, Shela

Maalim, ahsante kwa darsa. Mimi nina neno moja tu, wallahi.

Mitandaoni limekuwa kama kituo cha sentensi. Wasio Waislamu wanalitumia, “walai” ya Nairobi ni hilo hilo, na kwenye video fupi za TikTok linasemwa kwa mzaha pamoja na “haramu” na “habibi”. Mjini Amu wallahi ni kiapo. Aya ya 89 ya Suratul Maida imefafanua: kiapo cha upuuzi kinachotoka mdomoni bila kukusudia, Mwenyezi Mungu hamshiki mtu nacho. Kilichokusudiwa kikivunjwa kina kafara: kulisha masikini kumi chakula cha wastani cha nyumbani, au kuwavisha, au kumwacha huru mtumwa; asiyeweza hayo afunge siku tatu.

Kijana anayelisema barazani kwa mazoea huenda akaingia kwenye fungu la kwanza. Tangazo, je? Limefikiriwa, likaandikwa, likasomwa na kamati, likapigwa muhuri. Huwezi kusema limekuponyoka. Upepo ukigoma siku hiyo na mwaka usiwe noma, kamati itafute masikini kumi.

Fundi simu, Lamu mjini

Wote mmelipita “atakayeblutiki”, na kumbe kiufundi ndilo lisilosimama hata kidogo.

Tiki za buluu zililetwa na WhatsApp Novemba 2014. Kublutiki ni kusoma ujumbe na kukaa kimya. Kwa watu wawili neno liko sahihi, ingawa mpokeaji anaweza kuzima alama hizo kwenye mipangilio ya faragha (naye akizizima haoni za wengine). Kwenye kundi mambo ni tofauti. Kwanza, kuzima hakufanyi kazi kundini. Pili, tiki hazigeuki buluu mpaka wanakundi wote wawe wameusoma. Kundi linaweza kuwa na watu hadi 1,024. Akiwepo mmoja aliyevunja simu yake wiki iliyopita, buluu hamtaiona. Mtumaji anayetaka kujua nani amesoma abonyeze ujumbe wake kwa muda, afungue maelezo yake, atakuta majina. Kwa hiyo anayetisha watu kundini kwa blutiki anatisha kwa kitu ambacho yeye mwenyewe hakioni.

Na kwenye X tiki ya buluu ni habari nyingine kabisa, ni beji ya akaunti.

Sasa wale wanaotuma tangazo kwa SMS za jumla, hapa ndipo pesa inapotoka. SMS moja ni herufi 160, nafasi zikihesabiwa. Ukitia emoji moja tu, ujumbe wote unabadilisha mfumo wa herufi na kikomo kinashuka hadi 70. Ujumbe wa herufi 150 unaolipiwa mara moja unalipiwa mara tatu, kwa sababu zikiunganishwa kila kipande hubeba 67 tu. Kuna mtego mwingine mdogo: kibainishi kilichopinda cha “ng’ombe”, kile ambacho programu ya kuandikia hukipinda yenyewe, nacho hushusha kikomo vilevile. Andika kilichonyooka: ng'ombe. Wengi hulaumu kampuni ya simu kumbe ni alama moja.

Bi Leso

Fundi amegusa emoji, nami niongeze la tanzia, maana hapo watu wanagombana kweli. Uso unaobubujikwa machozi vijana wanautumia kwa kicheko. Fuvu la kichwa pia, “nimekufa kwa kucheka”. Msiba ukitangazwa kwenye kundi la ukoo, mpwa akajibu kwa uso wa machozi, ami yake anaona huruma na binamu yake anajiuliza kama ni kejeli. Fuvu ndilo usiseme. Kwenye tanzia andikeni maneno.

Halafu mnajadili kana kwamba mtandao unaishia Vanga, mpakani na Tanzania. Maneno ya Dar es Salaam yanafika hapa kila saa. Ubuyu kule ni umbea. Kwetu mabuyu ni yale mekundu ya sukari na iliki yanayotia rangi ulimi. Chawa ni mtu anayemng'ang'ania mwenye jina akimsifu ili apate chochote. Mwanangu wa Mkomani, haya nayaona mepesi, mtu akikosea anachekwa na yanaisha.

Lakini mchongo? Kule kitu “cha mchongo” ni bandia. Fundi wa Lamu akibandika picha Instagram na kuandika “milango ya mchongo, bei nafuu”, mteja wa Dar anasoma kwamba milango ni feki na muuzaji ameamua kusema ukweli. Kazi ya miezi imeharibiwa na neno moja, tena neno safi la ufundi. Aandike “milango ya nakshi”, au aseme imechongwa kwa mkono.

Na kuposti, msilipuuze. Siku hizi binti huulizwa kama amepostiwa kabla hajaulizwa kama ameposwa.

Mhariri, Malindi

Nimejaribu kuliandika upya:

“Waamu, mashindano ya mashua yamekaribia. Tunatafuta mfadhili. Aliyeusoma ujumbe huu na ajibu. Wasambazieni jamaa.”

Herufi 113 pamoja na nafasi, SMS moja, hakuna kiapo, hakuna namba ya mtu. Noma nimelitoa kwa sababu lina maana tatu (hatari, aibu, bora kabisa), na kinachozitenganisha ni sauti ya msemaji. Maandishi hayana sauti.

Mkomani

Limenyooka mpaka limelala. Huo ni ujumbe wa kusomwa na kufutwa. Kijana wa miaka kumi na tisa hawezi kulisambaza hili, na bila yeye ufukwe utakuwa na wazee na punda. “Sambazeni” ni kupeleka kwa mtu. “Mpaka tutrendi” ni kuwa watu wengi wafanye kwa wakati mmoja mpaka jina la mahali lionekane nchi nzima. Hayo ni mambo mawili, na la pili halina neno jingine fupi. Vuma, mtasema. Vuma ni habari inayokwenda yenyewe. Kutrendi ni watu kuisukuma.

Maalim wa sekondari, Malindi

Hapo Mkomani ana haki. Kwa kipimo nilichotoa mwenyewe, trendi inanyambulika (trendia, trendisha) na haikalii kiti cha mtu. Tatizo lake ni tahajia: trend, trendi, tirendi. Wakubaliane na moja, nami sitaweka kalamu nyekundu. Nirudishieni “mpaka tutrendi”, sponsa na msalimieni vibaki nje.

Mhariri, Malindi

Kwa WhatsApp, sawa. Kwenye karatasi ya kubandikwa msikitini na dukani, hapana.

Fundi wa Matondoni

Nimesoma yote tangu juu. Mumebishana kutwa juu ya sponsa na blutiki, na neno litakaloleta ugomvi ufukweni hakuna aliyeligusa. Mashindano ya mashua, au ya majahazi? Jahazi ni kubwa kuliko mashua, na dau ni kitu kingine. Mkiandika mashua, mwenye jahazi atakaa nyumbani. Au atakuja nalo, ashinde, na mwenye mashua adai arudishiwe kiingilio. Andikeni chombo gani, urefu usiozidi dhiraa ngapi, mabaharia wangapi. Mkimaliza hilo, mtrendi mpendavyo.