Mikopo ya nyumba: benki zinatutajia rejesho la mwezi, jumla ya deni zinatuficha

Wakuu, salaam. Uzi huu ni mrefu na nimeuandika nikiwa na hasira, mnivumilie. Namwandikia kila anayefikiria kuchukua mkopo wa nyumba hapa Tanzania, ausome kabla hajapeleka hati au mshahara wake benki.

Lalamiko langu ni moja. Mteja anatajiwa rejesho la mwezi na asilimia ya riba, basi. Jumla ya fedha atakayokuwa ameitoa mfukoni mpaka siku anarudishiwa hati yake haitajwi. Haipo kwenye bango wala kwenye kipeperushi, afisa mikopo haitamki, na kwenye mkataba imetawanywa vifungu kwa vifungu kwa Kiingereza cha mawakili, ilhali mazungumzo yote kuanzia mlangoni mpaka kwenye kusaini yalikuwa ya Kiswahili.

Naweka hesabu mezani, kila mtu aipige mwenyewe kwa simu yake. Mkopo wa shilingi milioni 100, riba asilimia 17 kwa mwaka inayopigwa kwenye salio linalopungua (yaani kwenye deni lililobaki kila mwezi), miaka 20. Nimechukua 17 kwa sababu kwa miaka mingi riba za mikopo hii nchini zimekuwa zikicheza kati ya 13 na 19. Rejesho la mwezi linakuja kama 1,466,800. Zidisha kwa miezi 240. Ni milioni 352. Umekopa 100, umerudisha 352, na milioni 252 katika hizo ni riba tupu.

Wengi wakifika hapo wanasema sawa, tunajua mkopo una riba. Tatizo kubwa liko kwenye mpangilio wa malipo yenyewe. Katika rejesho lako la kwanza la 1,466,800, riba inakula 1,416,667. Kinachopunguza deni ni shilingi elfu hamsini na kidogo. Elfu hamsini! Mwezi wa pili hivyohivyo, mwezi wa tatu hivyohivyo, inaongezeka kwa mia saba mia nane za shilingi kila mwezi. Ukimaliza miaka mitano umelipa milioni 88, na deni limeshuka kwa milioni 4.7 tu. Bado unadaiwa zaidi ya milioni 95. Ukimaliza miaka kumi umelipa milioni 176 na unadaiwa milioni 84. Nusu ya deni unaifikia ukiwa mwaka wa 17. Mtoto aliyezaliwa siku unasaini yuko kidato cha nne ndipo wewe unaanza kudaiwa chini ya milioni 50.

Mimi niko mwaka wa sita. Mke wangu alipata fedha kidogo za mafao, tukasema tuziingize kwenye mkopo tupumue. Nikaenda tawini kuuliza salio la kufunga deni. Nilipoletewa karatasi nilidhani wamenichanganya na mteja mwingine. Binti wa mezani, wala simlaumu yeye, akaniambia, "Baba, mbona hii ni kawaida, miaka ya mwanzo mnalipa riba." Kawaida kwa nani? Kama ni kawaida, kwa nini siku ya kwanza hakuna aliyefungua mdomo kuniambia? Ratiba ya marejesho, ile karatasi inayoonyesha mwezi kwa mwezi riba ni kiasi gani na deni linashuka kiasi gani, niliiomba mimi, na niliipata wakati hati imeshasajiliwa rehani. Inatoka kwenye kompyuta kwa kubonyeza kitufe kimoja. Walikuwa nayo tangu siku ile wanapiga hesabu ya rejesho.

Na wanavyokupima ndiko kunakoniudhi zaidi. Afisa anachukua hati ya mshahara, anaangalia kanuni ile ya kubakiwa na moja ya tatu, anapiga hesabu, anakwambia "mshahara wako unabeba." Unatoka pale na furaha kama umefaulu mtihani. Hakuna aliyepima nyumba hiyo itakugharimu kiasi gani. Kilichopimwa ni kiasi gani unaweza kukatwa kila mwezi ukabaki unaishi. Hayo ni maswali mawili tofauti, na kwa mteja ni la kwanza lenye uzito.

Halafu kuna suala la muda. Uliza waliokopa: ukishtuka rejesho ni kubwa, jibu la haraka ni "tukuongezee miaka, rejesho lishuke." Linasemwa kama msaada. Rudini kwenye milioni 100 yetu. Kwa miaka 15 rejesho ni 1,539,000. Kwa miaka 20 ni 1,466,800. Umepunguziwa kama elfu 72 kwa mwezi, na kwa punguzo hilo jumla ya malipo imetoka milioni 277 ikafika 352. Umelipia milioni 75 ili upate nafuu ya elfu 72 kwa mwezi. Kwa miaka 10 rejesho ni 1,738,000 na jumla ni milioni 208 na nusu. Yaani tofauti ya laki mbili na sabini kwa mwezi ni tofauti ya zaidi ya milioni 143 mwishoni. Mimi ningeoneshwa mistari hiyo mitatu tu kwenye karatasi moja, ningekaa na mke wangu tukaamua kwa akili zetu. Tuliambiwa "wengi wanachukua ishirini."

Sasa kifungu cha riba kubadilika. Mkataba wangu unasema benki inaweza kurekebisha riba kulingana na hali ya soko, na mteja atajulishwa. Atajulishwa, hatashauriwa. Kwa mkopo wetu wa mfano, riba ikiwa 19 tangu mwanzo badala ya 17, rejesho ni 1,620,700 na jumla inapanda mpaka karibu milioni 389. Lakini pigeni na hii: umelipa miaka mitano kwa 17, unadaiwa milioni 95.3, riba inapandishwa kufika 19, na wewe unaendelea na rejesho lilelile la zamani. Riba peke yake ya mwezi huo ni kama 1,509,000. Rejesho lako ni 1,466,800. Unalipa kila mwezi bila kukosa na deni linaongezeka. Kwa hiyo ama wakupandishie rejesho ama deni lisiishe milele, na kuongeza miaka hapo hakusaidii kitu.

Kupanda wanajua, kushuka je? Benki Kuu ilianza kutumia kiwango chake cha riba, CBR, Januari 2024 kwa asilimia 5.5, ikapandisha kufika 6 Aprili mwaka huohuo, na Julai 2025 ikashusha kufika 5.75. Najua kile ni kiwango cha kuongoza mikopo ya benki kwa benki, hakihesabiwi moja kwa moja kwenye nyumba yangu. Lakini "hali ya soko" ni neno lao wenyewe walilolichagua kwenye mkataba. Kilipopunguzwa, rejesho langu halikutikisika hata shilingi, na sikupata barua yoyote.

Gharama za pembeni nazipitia haraka maana kila benki ina zake: ada ya kuandaa mkopo, mthamini, wakili, usajili wa rehani ardhi, bima ya maisha ya mkopaji, bima ya moto. Jambo moja tu niliseme. Ada na bima zikikatwa kwenye mkopo wenyewe kabla hujapewa, mkononi unapata pungufu ya milioni 100 ila riba inahesabiwa kwenye milioni 100 kamili. Unalipia riba ya miaka 20 kwa fedha ambayo hukuwahi kuigusa. Ile asilimia 17 ya kwenye bango tayari siyo 17 tena.

Na wale mnaokopa mikopo midogo ya kupaua au kumalizia boma, uliza kwa sauti: riba hii ni ya salio linalopungua au inapigwa kwenye mkopo wote mwanzo mpaka mwisho? Ukiambiwa "asilimia 10 tu" kwa miaka mitano na inapigwa kwenye mkopo wote, ukikopa milioni 100 utarudisha 150, rejesho milioni 2.5 kwa mwezi. Kwa njia ya salio linalopungua, rejesho hilohilo ni sawa na riba ya asilimia 17 na zaidi. Hiyo 10 na hiyo 17 ni mkopo uleule, na ile 10 ndiyo inayoandikwa kwa herufi kubwa.

Utetezi wa benki naujua, na sehemu yake naikubali. Fedha za muda mrefu ni ghali. Watu tunaweka amana za miezi michache, wao wanatakiwa wakopeshe miaka 20, na Serikali yenyewe inakopa kwa hati fungani za miaka 20 na 25 kwa riba ya tarakimu mbili, kwa hiyo si rahisi mkopaji binafsi apate chini ya hapo. Ndiyo maana mwaka 2010 ilianzishwa TMRC, kampuni inayozikopesha benki, ili zipate pa kuchukua fedha ndefu za mikopo ya nyumba. Sawa. Hayo yote yanaeleza kwa nini riba ni 17. Hayaelezi kwa nini milioni 352 haiandikwi ukurasa wa kwanza.

Benki Kuu ilitoa kanuni za kumlinda mtumiaji wa huduma za fedha mwaka 2019, na uwazi wa gharama na masharti ndio moyo wake. Nauliza wanaosimamia: uwazi unapimwaje? Kwa sahihi ya mteja chini ya kurasa za lugha asiyoielewa? Mke wangu aliitwa kusaini ridhaa kwa sababu Sheria ya Ardhi hairuhusu nyumba ya familia kuwekwa rehani bila mwenza kukubali. Sheria ilitaka alindwe. Akaoneshwa pa kusaini, akasaini, na hakuna aliyemwambia anaridhia deni la kiasi gani kwa jumla. Tukishindwa kulipa inakuja taarifa ya siku 60, na baada ya hapo dalali anaruhusiwa kuja kubandika tangazo ukutani. Ukishindwa mwaka wa sita, unanadiwa kwa deni la milioni 95 baada ya kulipa 88. Wapeni watu namba hizi kabla hawajaiweka nyumba ya watoto wao rehani.

NYONGEZA, baada ya kusoma michango yenu:

Mliosema "si ulisoma mkataba": nimesoma, nina elimu ya kunitosha, na jumla haimo. Imo riba, imo idadi ya miezi, imo fomula. Fundi, mwalimu au nesi hapaswi kukokotoa fomula ili ajue bei ya kitu anachouziwa. Sokoni Kariakoo ukiuliza bei unatajiwa bei.

Mkuu aliyesema shilingi inashuka thamani kwa hiyo deni litajifia lenyewe: mfumuko wa bei wetu miaka hii umekuwa ukizunguka asilimia 3. Riba ni 17. Deni linakimbia mara tano ya kasi ya kushuka kwa shilingi. Hoja hiyo ingekuwa na nguvu bei zingekuwa zinapanda kwa asilimia 15 kwa mwaka na mishahara ikipanda pamoja nazo.

Mliosema bora kujenga kidogo kidogo: kwa wenye kiwanja na subira naungana nanyi. Ila kuna watu wana watoto, kodi ya miezi sita inawanyonga, na boma lao lina miaka minane halina bati. Hao wana haki ya kukopa na kuambiwa ukweli.

Aliyeuliza inbox kama kuna namna ya kujiokoa ukiwa tayari umo ndani: ipo. Kwa mkopo ule wa mfano, ukiongeza laki mbili kila mwezi tangu mwanzo, na zikapunguza deni lenyewe, unamaliza kwa miaka 11 na miezi mitatu hivi na jumla inashuka kutoka 352 mpaka kama 225. Kadiri unavyoanza mapema ndivyo inavyookoa zaidi. Lakini pata kwa maandishi kwamba nyongeza inaingia kwenye deni la msingi, maana kuna inayowekwa tu akaunti ikisubiri rejesho lijalo, na ulizia ada ya kulipa kabla ya wakati. Mimi nimetakiwa kutoa taarifa ya maandishi na kulipa ada ili nipewe ruhusa ya kupunguza deni langu mwenyewe. Hilo nalo limo kwenye barua ninayoiandikia benki.

Barua naipeleka tawini Jumatatu. Nadai vitu vitatu: jumla yote ya malipo yangu kwa Kiswahili, maelezo ya kwa nini riba yangu haikuguswa mwaka 2025, na kufutwa kwa ada ya kupunguza deni mapema. Wakikaa kimya inakwenda dawati la malalamiko la Benki Kuu. Mwenye ratiba yake ya marejesho, afute jina na namba ya akaunti, aweke hapa mistari 12 ya mwaka wa kwanza. Nataka tuzipange pamoja, nizibandike nyuma ya barua.