Mjadala: Je, aliyekaimu cheo kwa muda mrefu ana haki ya kuthibitishwa?

Mleta hoja

Kanuni za Kudumu za Utumishi wa Umma za Tanzania za mwaka 2009 zinataka nafasi iliyo wazi ipate mwenyewe ndani ya miezi sita, ili mtumishi asikaimu kupita muda huo. Hali halisi tunaijua: ripoti za CAG (Mdhibiti na Mkaguzi Mkuu wa Hesabu za Serikali) zimekuwa zikitaja mara kwa mara halmashauri na taasisi ambazo wakuu wa idara na vitengo wamekaimu kupita ukomo huo. Naomba tujadili hili: mtumishi mwenye sifa zote zinazotakiwa na muundo wa utumishi wa kada yake, aliyesaini nyaraka, akajibu hoja za ukaguzi na kubeba lawama za idara nzima, anadai nini siku nafasi hiyo inapopewa mwingine?

Msimamo wangu ni kwamba hadai cheo, anadai uamuzi. Miezi sita ikiisha, mwajiri amthibitishe au amrudishe kwenye nafasi yake kwa barua yenye sababu, na akikaa kimya, ukimya wenyewe uwe sababu ya kukata rufaa Tume ya Utumishi wa Umma. Kwa sasa ukimya haumgharimu mwajiri chochote, ilhali mtumishi unamgharimu sana. Posho ya kukaimu, hata inapolipwa kwa wakati (na wengi wetu tunajua inavyochelewa), haiingii katika mafao, kwa kuwa michango ya PSSSF, mfuko wa hifadhi ya jamii wa watumishi wa umma, hukatwa kwenye mshahara. Hivyo anayekaimu hadi kustaafu huondoka na mafao ya daraja lake la zamani.

Mchangiaji wa kwanza

Nimestaafu nikiwa afisa utumishi, na hoja hii inanitia wasiwasi. Kukaimu mara nyingi hakushindaniwi: mkuu humtazama aliye karibu naye, akamwandikia barua. Ukiambatanisha haki yoyote na barua hiyo, umempa mkuu mlango wa nyuma wa kupandisha vyeo watu wake. Isitoshe, si kila ukimya ni wa mwajiri. Jina likishapelekwa husubiri upekuzi (uchunguzi wa mwenendo na historia ya mtumishi), husubiri ikama (idadi ya watumishi iliyoidhinishwa) na bajeti ya mishahara, na mkurugenzi wa halmashauri hana uwezo wa kuharakisha hata kimoja. Wenzetu wa Kenya waliliweka jambo hili ndani ya sheria yenyewe ya Tume ya Utumishi wa Umma ya mwaka 2017, kifungu cha 34: asikaimu asiye na sifa, na muda usipungue siku 30 wala kuzidi miezi sita. Hata hivyo malalamiko ya kukaimu kupita muda hayajaisha huko.

Mchangiaji wa pili

Mmezungumzia nafasi zilizo wazi kabisa, lakini zipo zile ambazo mwenyewe yuko masomoni au ameazimwa na taasisi nyingine. Huyo bado anahesabiwa kwenye ikama, kwa hiyo anayemshikia hawezi kuthibitishwa hata mamlaka zote zikitaka. Kwa hawa napendekeza muda wa kukaimu uandikwe kwenye tathmini yao ya utendaji na uhesabiwe kama uzoefu nafasi inapotangazwa. Serikali ilikwishakubali msingi wa namna hii iliposimamisha kupandisha madaraja mwaka 2016 wakati wa uhakiki wa watumishi, kisha baadaye ikawapandisha waathirika kwa mserereko, yaani hadi daraja ambalo wangekuwa wamelifikia, kwa maana kwamba ucheleweshaji usiotokana na mtumishi unastahili kurekebishwa.

Mleta hoja

Hoja ya mlango wa nyuma naikubali, na ndiyo sababu ningetaka nafasi iliyo wazi kabisa itangazwe ndani kabla ya mtu kuanza kuikaimu, watumishi wenye sifa katika tange (orodha ya watumishi kwa ukuu kazini) wapate kuiomba. Pendekezo la mchangiaji wa pili nalichukua lilivyo. Nisilokubali ni upekuzi kuwa kisingizio. Kama upekuzi umechelewa, barua ya mwezi wa sita iseme hivyo, itaje tarehe jina lilipopelekwa, na kibali cha kukaimu kiongezwe kwa maandishi. Wengi wanaokaimu leo hawana hata barua hiyo. Kibali chao kiliisha, nao bado wanasaini malipo, na sijui mkaguzi akihoji saini hizo ni nani kati ya mwajiri na mtumishi atakayesimama kujibu. Ningependa afisa utumishi mstaafu atueleze, katika miaka yake, nani alikuwa akijibu.