Mrejesho: malipo ya sikukuu na mshahara uliochelewa

Ndugu zangu, niliuliza mambo mawili: nilifanya kazi siku ya sikukuu, iliyoangukia Ijumaa, nikalipwa kama siku ya kawaida, na mshahara uliotumwa Ijumaa hiyohiyo haukuingia hadi Jumatatu. Naleta majibu.

La kwanza limekwisha vizuri. Mlinishauri nisome mkataba kabla ya kugombana na mtu, nikausoma usiku uleule. Kipengele kipo: saa za sikukuu hulipwa mara mbili. Nikampelekea mhasibu nakala ya daftari la mahudhurio, saini yangu ya kuingia na ya kutoka zote zinaonekana. Akakiri kwamba tarehe ile haikuwekwa kwenye mfumo wa mishahara kama sikukuu. Tofauti imeingia mwezi huu. Aliyenikumbusha daftari, Mungu akubariki. Bila zile saini ningebaki na maneno matupu.

Kinachoniuma ni wenzetu vibarua. Wakikaa nyumbani sikukuu hawapati kitu, wakija wanalipwa ileile. Nimewahimiza nao waulize haki yao.

Kuhusu benki, hakuna aliyekosea. Mashine za kutolea fedha hufanya kazi hata sikukuu, lakini malipo ya mishahara kutoka benki moja kwenda nyingine mara nyingi hupitishwa kwa mafungu siku za kazi tu. Sikukuu ikishikana na wikendi, fedha zinalala siku tatu. Tumekubaliana mshahara utumwe mapema.

Jambo jingine dogo: nilikuwa na fomu ya serikali ambayo siku yake ya mwisho iliangukia sikukuu hiyo, nikahofia faini. Imepokelewa siku ya kazi iliyofuata, bila faini.