Gauni la harusi kwa mwili mkubwa: niagize saizi ipi, na nikague nini?

BiHarusi_Mtarajiwa

Habari zenu wadau. Natafuta gauni la harusi na bado miezi tisa. Vipimo vyangu kwa sentimita: kifua 122, kiuno 108, nyonga 132. Nguo za kawaida navaa saizi 20. Duka moja limeangalia jedwali lao likasema niagize 24. Jingine lina magauni ya kujaribisha ya saizi 12 tu, wanasema watanibania kwa nyuma nitapata picha. Napenda gauni linaloachia kuanzia kiunoni, kifua wazi bila mikanda ya mabega, lisiteremke, na ikiwezekana mikono ya lesi juu yake. Sasa, nifuate 20 au 24? Kujaribu gauni dogo kuna faida yoyote? Na nikitegemea kupungua kidogo, niagize dogo?

Mpimaji_wa_Mashela

Hongera dada. Fuata jedwali la kiwanda kinachoshona gauni hilo. Namba ya kwenye suruali zako weka kando kabisa. Jedwali za magauni ya harusi huwa ndogo kuliko za nguo za kila siku, kwa kawaida saizi moja hadi mbili, kwa hiyo 24 kwa vipimo vyako haishangazi. Kanuni ya kuagiza ni kuchagua saizi inayotosha kipimo chako kikubwa zaidi, kisha sehemu nyingine zipunguzwe. Kwa mtindo unaoutaka, nyonga haitakusumbua kwa sababu sketi inaachia, kwa hiyo vinavyoamua ni kifua na kiuno. Ungetaka mtindo wa nguva, unaobana hadi magotini kisha kuachia, ndipo nyonga ingetangulia, tena ipimwe umekaa, maana ukikaa inatanuka.

Kuhusu kuagiza dogo: usifanye. Hesabu yake ni hii. Tuseme ndani ya mshono wa ubavuni kuna sentimita 2 za kitambaa kila upande. Lazima sentimita 1 ibaki ili mshono usifumuke. Mishono ya ubavuni ni miwili, kingo nne, kwa hiyo ukiachia yote unapata sentimita 4 tu mwili mzima. Magauni mengine hayana hata hizo. Na satini ikifumuliwa inabaki na matundu ya sindano na alama ya pasi pale mshono wa zamani ulipokuwa. Kupunguza ndiyo kazi rahisi, ila nako kuna mwisho: ukivuka saizi mbili hivi, maua ya lesi yanakatwa ovyo na mshono wa ubavuni unasogea nyuma. Agiza kwa mwili ulio nao leo. Ukipungua, fundi atabana.

Gauni la saizi 12 lililobanwa kwa vibanio mgongoni litakuonyesha rangi, uzito wa kitambaa na umbo la shingo, basi. Halitakuonyesha kiuno kinakaa wapi, na hapo ndipo wengi wanakataa gauni zuri au kununua baya. Kifua kikubwa kinakula urefu wa sehemu ya juu, kwa hiyo mstari wa kiuno unapanda mbavuni na gauni linaonekana fupi la ajabu. Ukijua hilo hutailaumu sura yako. Kabla ya kwenda dukani piga simu, na usiulize kama wana saizi kubwa, maana kila mtu atajibu ndiyo. Uliza wana magauni mangapi ya kujaribisha kati ya 20 na 26, na mangapi kati ya hayo yana mtindo unaoutaka. Jibu likiwa mawili, tafuta kwingine kwanza.

Fundi_wa_Ndani

Mwenzangu kamaliza ya saizi. Mimi naongezea lililo muhimu zaidi kwa gauni lisilo na mikanda, nalo halionekani kwa nje. Mwombe muuzaji aligeuze sehemu ya juu ndani nje, na usione haya kuomba.

Cha kwanza kutafuta ni utepe wa kiunoni. Ni utepe mgumu usiovutika, upana wa sentimita 2.5 hivi, umeshikizwa ndani usawa wa kiuno na unafungwa kwa kulabu. Huo ndio unaobeba uzito wa sketi. Bila huo, sketi yote inaning'inia kwenye kifua, na kila hatua inavuta gauni chini. Ndiyo maana unaona maharusi wanapandisha gauni usiku kucha. Kama haupo, fundi anaweza kuuweka. Urefu wake uwe pungufu ya kiuno chako kwa sentimita 2 hadi 3 ili ukamate. Aushikize tu kwenye mifuko iliyoshonewa vyuma vya kusimamisha kifua, na aache sentimita 7 au 8 za mwisho huru kila upande wa zipu, uweze kufunga kulabu kabla ya zipu. Mpangilio huo usigeuzwe siku yenyewe: kulabu kwanza, zipu baadaye. Zipu nyingi zinapasuka kiunoni mtu anapokaa, kwa sababu mzigo wote umeangukia meno yake.

Cha pili ni vyuma vya kusimamisha kifua. Vibonyeze kwa vidole. Vya plastiki vinalainika kwa joto la mwili, vinachukua umbo la tumbo, na ukingo wa juu unakunjukia nje. Vya chuma cha kusokota vinapinda pande zote na kurudi vilivyokuwa. Ncha ziwe zimefunikwa, na zikomee kama sentimita 1 kabla ya mshono, la sivyo zitakuchoma. Kaa kwenye kiti ukiwa umelivaa. Chuma kilichoshuka mno kitagonga paja na kusukuma gauni lote juu kidevuni.

Cha tatu, vikombe vya kushikilia matiti. Vile vilivyoshonewa kiwandani mara nyingi ni vidogo na vimekaa juu mno. Nunua sidiria ndefu isiyo na mikanda, inayofika kiunoni, kabla ya kupimwa mara ya kwanza, na uivae kila kipimo. Ukibadilisha sidiria katikati, kifua kinahama na mishono yote ya mbele inakuwa ya mtu mwingine.

Kamba_Mgongoni

Naafiki, ila sijaona mtu ametaja kamba badala ya zipu. Kwa mtu ambaye uzito unapanda na kushuka, naona mgongo wa kamba ni salama zaidi. Zikifungwa vizuri, pengo la mgongoni liwe sentimita 5 hadi 8. Likizidi 10, gauni ni dogo, usidanganywe kwamba ndiyo mtindo. Na kipande cha kufunika mgongo nyuma ya kamba kiwe na upana wa kutosha kupita pengo hilo pande zote mbili.

Fundi_wa_Ndani

Kamba sawa, kwa sharti moja: pawe na chuma kila upande wa matundu ya kupitishia kamba. Bila vyuma, kitambaa kinajikunja na kamba zinazama kwenye nyama ya mgongo. Na bado utepe wa kiunoni unahitajika hata kwenye gauni la kamba.

BiHarusi_Mtarajiwa

Asanteni sana, nimeandika yote. Na mikono ya lesi je? Naogopa ikanibana nisiweze kuinua mikono.

Mpimaji_wa_Mashela

Pima mkono wa juu ukiwa umekunja kiwiko na kukaza msuli, kisha ongeza sentimita 4 au 5 kama lesi haivutiki. Ikiwa imeshonewa kwenye wavu unaovutika, 2 zinatosha. Watu wengi humwomba fundi ashushe tundu la mkono ili wapate nafasi, na matokeo yake ni kinyume: tundu likishuka, ukiinua mkono unainua gauni zima. Tundu liwe juu karibu na kwapa, na chini ya kwapa kiwekwe kipande kidogo chenye umbo la almasi, hicho ndicho kinachoruhusu mkono kupanda. Kwa gauni lako ningechagua mikono ya kuvua, inayoshikizwa kwa vifungo vya kubonyeza.

Lesi ya ziada iagizwe pamoja na gauni, mita moja angalau. Baadaye kupata inayofanana rangi na maua ni kazi kubwa.

Na miezi tisa inakutosha ukiagiza sasa. Gauni la kuagizwa huchukua kati ya miezi minne na sita, na vipimo vya fundi vianze wiki nane kabla. Uliza pia mapema kama kiwanda kinatoza nyongeza kwa saizi kubwa, na iandikwe kwenye risiti pamoja na vipimo vyako vyote vitatu.